Wiki Mbili Kabla ya Mvua

SWALIHU: Haloo? Nani mwenzangu?

MWANAMVUA: Mimi mama yako mdogo. Niko huku ofisi ya ujenzi, katibu muhtasi kaniazima simu.

SWALIHU: Shikamoo, mama mdogo.

MWANAMVUA: Marahaba, baba. Vaa viatu uje. Kikao cha zahanati ya Zuzu kimekwenda vizuri.

SWALIHU: Vizuri vipi?

MWANAMVUA: Mwanasheria kausoma mkataba wako. Anasema mkandarasi akizuiwa na jambo lisilotokana na yeye, mvua, sijui barabara kukatika, halaumiwi wala halipi fidia. Anaongezewa muda. Wewe unakuja kutia saini tu.

SWALIHU: Saini ya nini?

MWANAMVUA: Ya kwamba kazi ilisimamishwa na Elnino. Fomu iko mezani. Haloo? Swalihu?

SWALIHU: Nipo.

MWANAMVUA: Mbona umepoa? Tangu juzi huli kwa ajili ya kikao hiki.

SWALIHU: Nashukuru, mama mdogo. Injinia hakuuliza kitu?

MWANAMVUA: Batholomeo? Yule naye ana maneno. Eti kwa siku ulizokuwa nazo ungekuwa umeshapaua, mbona ukuta umeishia madirishani. Akauliza, nani aliwaona mafundi kazini mpaka siku barabara ilipokatika?

SWALIHU: Na nani—

MWANAMVUA: Nikasimama mimi. Si mimi ndiye mwenyekiti wa kamati ya zahanati? Nikasema wallahi niliwaona. Fundi wako Fabian yuko juu ya ukuta na mwiko wake, mvua ikamkuta pale pale.

[Simu inakwaruza.]

SWALIHU: Mama mdogo, wewe siku zile ulikuwa Kondoa. Msibani.

MWANAMVUA: Punguza sauti.

SWALIHU: Hukuwaona.

MWANAMVUA: Sikuwaona, lakini wewe nakujua. Nimekulea. Wanawake wa Zuzu wamebeba mchanga kutoka korongoni, kichwani, wengine na mimba zao. Ungewaachia kazi njiani wewe? ... Swalihu?

SWALIHU: Fabian hakuwa Zuzu.

MWANAMVUA: Laini mbaya. Unasemaje?

SWALIHU: Nasema mafundi hawakuwepo. Niliwahamishia Msalato wiki mbili kabla ya mvua. Kuna tajiri wa alizeti alitaka ghala lake liishe upesi. Nikasema wiki mbili tu, halafu nawarudisha—

MWANAMVUA: Likaisha?

SWALIHU: Liliisha.

MWANAMVUA: Na paa?

SWALIHU: Na paa.

MWANAMVUA: Na zahanati ikabaki madirishani.

SWALIHU: Mvua ilipoanza, nisikufiche, nilimshukuru Mungu. Nikajua hakuna atakayeuliza.

MWANAMVUA: Astaghfirullah. Na mimi nimeshaapa mbele za watu.

SWALIHU: Sikujua kama utasimama.

MWANAMVUA: Hukujua? Lini nimekaa kitako wewe ukisemwa?

SWALIHU: Naona haya, mama mdogo. Hata hii simu naishika kwa haya. Lakini fomu ikisainiwa yamekwisha. Anayejua ni mimi, na Fabian, na—

MWANAMVUA: Na mimi. Umeniongeza sasa hivi.

SWALIHU: Nisamehe.

MWANAMVUA: Yasinta, jirani yangu, alijifungulia kwenye mkokoteni wakienda kutafuta hospitali. Nikamwambia avumilie, mvua ni ya Mungu, hakuna wa kulaumiwa. Kwa mdomo huu huu, Swalihu.

[Sauti ya mwanamke inamwita Mwanamvua.]

MWANAMVUA: Naam, dada? Nakuja, nakuja. — Wananiita ndani. Na mwenyewe anataka simu yake.

SWALIHU: Utawaambia nini?

MWANAMVUA: Kwamba nilikuwa Kondoa.

SWALIHU: Watakuvua uenyekiti. Watakuona muongo, mtu mzima wewe.

MWANAMVUA: Si ndivyo nilivyo? Hilo langu nitalisema. Ya Msalato ni yako, sitakusemea tena.

SWALIHU: Nipe hata leo tu, nimtafute Fabian kwanza—

MWANAMVUA: Fabian wa nini? Aliyewahamisha ni Fabian?

SWALIHU: Basi nakuja. Nachukua baiskeli. Lakini mama mdogo, nakuomba, usiingie kabla sijafika.

MWANAMVUA: Naingia, baba. Nikikungoja nitaogopa.

[Simu inakatika.]