Mwalimu Msabah Jecha na Barua ya Vipeuo

Marehemu Mwalimu Msabah Jecha alizaliwa Nungwi tarehe 4 Machi 1926. Mama yao alipofariki, yeye ndiye aliyemlea mdogo wake, Bi Time. Alisomea ualimu mjini, na kuanzia 1948 akafundisha hesabu hapa Unguja. Mwaka 1951 alimuoa Bi Wanu Pandu wa Kikwajuni.

Bi Time aliolewa Mombasa, naye alitaka kufanya mtihani wa ualimu. Basi kila Ijumaa kaka yake alimpelekea maswali kwa posta.

Kuna walioshauri aya hii isisomwe hapa msibani. Mei 1966 barua moja ilifunguliwa posta, ikakutwa ina salamu mistari miwili na vipeuo ukurasa mzima. Mwalimu akaitwa, akawekwa ndani siku tisa kwa kudhaniwa anapeleka siri.

"Huyu x nani?" ofisa wa usalama akamuuliza.

Mwalimu akaomba chaki, akaandika kwenye ubao wa ofisi ile. "Kipeuo cha pili cha 8x³, mara kipeuo cha pili cha 2x. Vitie vyote chini ya kipeuo kimoja, upate 16x⁴. Sasa kitoe: 4x². Tuchukulie tu x si pungufu ya sifuri."

Ofisa akarudia mwenyewe, ikatoka. "Nipe nyengine," akasema. Wakakaa ubaoni mpaka alasiri.

"Nshakuelewa, Mwalimu. Rudi nyumbani. Lakini walimu wangapi washahama? Anayefundisha hivi hatumwachii. Kibali cha safari hupati."

Aliomba mara saba, hata Bi Time alipougua 1969. Mara saba alikataliwa. Tusimpambe: miaka ile alikuwa mkali, chakula hakimpiti, akisema kuta zinamsogelea. Darasani tu ndiko alikocheka.

Moyo ulianza kumsumbua Novemba 1971. Alifariki Jumatano, tarehe 9 Februari 1972, akiwa bado anasahihisha majibu ya Bi Time: kipeuo cha 6x mara kipeuo cha 2x.

"Mwandikie," alimwambia mkewe. "Ni kipeuo cha 12x². Mbili na x zinatoka. Tatu haina mwenzake, aiache ndani."

Bi Wanu aliandika huku analia.

Marehemu ameacha mjane, binti yake Biasha, mwanawe Hasan, na Bi Time, aliyeomba kibali aje kumzika kaka yake. Mpaka tunamtia kaburini hajajibiwa.

Mola amwekee kaburi lenye wasaa.