Niliitwa Mchawi kwa Sababu ya Ruta

Bwana asifiwe, ndugu zangu! Itikieni kwa nguvu, maana bibi mnayemwona hapa mbele aliitwa mchawi, na bado anapumua!

Nilitoka Sengerema kuja kwa mwanangu Butimba, nitibiwe macho. Ni mekundu, mnayaona. Moshi wa kuni huo. Sasa jamani, tangu nifike, simu za nyumba nzima zikachafuka! Mkwe wangu anatafuta wimbo wa kwaya, zinafunguka picha za watu uchi. Mjukuu anatafuta somo la shule, uchi! Nilishtuka mpaka nikajifunika uso kwa kanga. Wakiwa dukani kwao Mkuyuni, simu ni safi; wakirudi tu nyumbani, uchafu. Basi mgeni humo ndani nani? Si mimi, mwenye macho mekundu kama wanavyosema ya wachawi!

Mkwe akaacha kula nilichopika. Mwanangu, niliyemzaa mwenyewe, akaniambia, "Mama, kesho panda kivuko urudi." Na maneno yalishatangulia kijijini. Ndugu zangu, kwetu bibi akishasemwa hivyo hafi kwa ugonjwa. Mnajua. Nililia, nikasema Bwana, usiponiona leo nimekwisha!

Asubuhi, begi langu liko mlangoni, akaingia dada yake mkwe wangu, mwalimu wa kompyuta. Akasikiliza yote, kisha akakitazama kile kidude cha intaneti pale sebuleni.

"Shemeji, hii ruta mmeiapdeti lini?"

"Kwani inaapdetiwa?"

Mungu wangu! Tangu inunuliwe haijaguswa! Na nywila ni ileile ya kiwandani, ambayo wezi wa mtandaoni wanaijua. Kumbe waliingia humo, wakawa wanazipeleka simu zetu kwenye uchafu wao! Binti akafuta mipangilio yote, akaiwekea programu mpya na nywila ngumu. Mkwe akafungua simu. Kwaya ikaimba! Na mimi nimeketi palepale, na macho yangu hayahaya!

Mwanangu akapiga magoti. Nikamwambia, "Inuka, baba, pigia watu wa kijijini kwanza." Akapiga, nyumba kwa nyumba, analia.

Asante Yesu! Mtumainieni, ndugu zangu, hamtupi mtu wake. Lakini mkifika nyumbani leo, ziapdetini ruta zenu, mbadilishe na nywila. Mwizi wa mtandaoni haonekani sura. Na wewe ukikosa sura ya kuilaumu, utailaumu ya mama yako.