Kavutha Nzuki, Aliyejiandaa Kusahau

Marehemu Kavutha Nzuki alizaliwa tarehe 14 Machi 1948 huko Mitaboni, kifungua mimba wa Mzee Kimeu na Mama Mukai. Baada ya chuo cha ualimu alifundisha darasa la kwanza kuanzia 1970, Kathiani kisha Mumbuni, mpaka alipostaafu 2003. Kila asubuhi, kabla ya kufungua kitabu, aliwauliza watoto jana walisoma nini. "Mkingoja mtihani ndio mkumbuke, mmechelewa," alizoea kuwaambia.

Mwaka 1972 alifunga ndoa na Bartholomew Nzuki, seremala. Walijaliwa Laban na Mutanu. Mzee Nzuki aliaga 2011.

Mwaka 2018 Mama alianza kupotea akitoka sokoni. Daktari alisema ni ugonjwa wa kusahau, na hauponi. Mutanu alilia njia nzima, Mama hakulia. Walipofika nyumbani Mama alimketisha binti yake jikoni.

"Siku itakuja nisikujue. Usiniulize kama nakukumbuka, hiyo itanitisha. Niambie jina lako kwanza, halafu ukae."

Alilirudia somo hilo kila siku, hata Mutanu akamsihi, "Mama, nimeshika. Wacha sasa."

"Mimi ndio nitasahau. Wewe usisahau."

Siku hiyo ilifika. Mutanu alifunga duka lake la nguo akabaki nyumbani kumwuguza. "Ni Mutanu, mtoto wako. Nimekuletea uji." Aliyasema hayo mpaka sauti ikamkauka, akayasema tena baada ya chai, na miaka ikapita hivyo, bila wa kumpokea zamu.

Laban alipokuja kutoka Mombasa, aliinama mbele ya Mama. "Mama, kweli hunijui?" Mama akajikunja ukutani akitetemeka. Mutanu akamvuta kaka yake nje. "Usingoje akutafute kichwani. Jitaje wewe." Hakuwa na nguvu ya kugombana.

Laban alirudi, akapiga magoti. "Ni Laban. Mimi ni kijana yako."

Mama akamgusa shavu. "Karibu, Laban. Umekula?"

Mwezi Mei mwaka huu kifua kilimbana, akalazwa mjini Machakos. Aliaga tarehe 9 Juni 2025, Mutanu akiwa amemshika mkono. Kwa miaka minne hakuwa amelitamka jina la binti yake, lakini hakuwahi kumwogopa.

Ameacha watoto wawili, Laban na Mutanu, mkaza mwana, Kamene, wajukuu watatu, na dada yake, Kamanthe.

Mama, pumzika salama mikononi mwa Bwana. Naye Mutanu, Mungu ampe usingizi.