Ndimu ya Njia Panda

Landrova ilikuwa inateremka kutoka Mbinga kwenda ziwani. Benno, aliyepakata kikapu cha zawadi za kumpelekea mama yake, aliwasikiliza wanawake wawili waliokutana humo humo garini.

"Mimi napika kwa yule Mhindi aliyekuja serikali iliporuhusu watu binafsi kununua kahawa," alisema mmoja. "Mkewe hutunga ndimu moja na pilipili saba kwenye uzi, akazining'iniza mlangoni. Zinazuia husuda. Kila Jumamosi anatungua za zamani, ananituma nikazitupe njia panda."

"Dada yangu, huo si uchawi?"

"Uchawi gani? Ni mila zao, kama wewe na rozari yako. Ila ameniasa nisigeuke nyuma. Ubaya wote waliotakiwa wiki nzima umo mle. Anayeokota anaondoka nao."

"Na leo umetupa?"

"Asubuhi hii, pale karibu na soko."

Mwenzake alifanya ishara ya msalaba, kisha akairudia, kana kwamba ya kwanza haikufika.

Benno alihisi kikapu kimekuwa kizito. Asubuhi ile alikuwa ameokota ndimu hiyo na pilipili zake, akazitia kikapuni na kumshukuru Mungu, maana mama yake hali samaki bila pilipili. Alitaka kuzitupa dirishani, lakini vidole vyake vilikataa kuzigusa tena.

Gari likasimama Lundo. Mama yake alikuwa ameshafika mlangoni mwa gari.

"Shikamoo, mama," alisema Benno.

"Marahaba, mwanangu," alijibu mama, na mkono wake tayari ulikuwa ndani ya kikapu.