Ghuba ya Qarmalik Ina Wenyewe

Mheshimiwa Meya Pijamini. Mheshimiwa Daktari Thibodeau, mchora ramani wetu unayestaafu leo. Wazee mlioketi karibu na hita. Akina mama mliobeba watoto mgongoni. Nanyi vijana mlioanza kudokoa nyama ya sili kabla ya sala: nawasalimu wote.

Naitwa Ujarak. Shule niliiacha darasa la nane, na nasikia hadi leo inanililia. Aliyeombwa kuhutubia ni Bibi Minguq, akajibu kwamba baba yake yumo ukumbini, atamsemea. Baba yake ni mimi. Wenyeji hamshangai: nilizaliwa mwaka aliofariki Ujarak mkubwa, baba yake wa kumzaa, nikapewa jina lake, na tangu nikiwa kwenye nepi huyu binti yangu wa miaka themanini ananiita baba na kunitengea ulimi wa kulungu.

Sasa tumsifu mgeni. Nani mwingine angekizunguka kisiwa chote cha Tallurutit, chenye barafu isiyoyeyuka mashariki, jangwa la mawe magharibi, na magenge ya miamba yenye mistari kama chale za kidevuni mwa bibi zetu, kisha akaandika kwamba hakikaliwi na mtu? Na ni kweli, ndugu zangu. Kila kiangazi kinajaa wataalamu waliokuja kuthibitisha kwamba hakina mtu. Wengine huvaa mavazi ya anga, wakajifunza kuishi sayari nyingine, nasi tukienda kuwinda tunawapungia mkono. Tungefanyaje, tuwaharibie safari?

Mwezi wa tano Daktari alimwendea Bibi Minguq, akataka kujua kama yupo mzee aliyewahi kuishi Qarmalik, ile ghuba ya kisiwa hicho yenye nyumba za udongo na mbavu za nyangumi. Bibi akamwelekeza kwangu, niliyekuwa chini ya pikipiki ya theluji, grisi hadi masikioni.

“Muulize baba,” akamwambia. “Kazaliwa pale, na mama yake kazikwa pale.”

Daktari akanitazama, akamtazama bibi, akampapasa bega kwa huruma, akaenda zake. Kwa hekima yake akaamua kwamba bibi kachanganyikiwa na ghuba haina mwenyewe. Na ghuba isiyo na mwenyewe huitwaje? Huitwa Ghuba ya Thibodeau. Ndivyo ilivyoandikwa kwenye ramani iliyofunikwa pale mbele, ambayo Meya ataizindua nikishuka hapa, wafundishwe watoto wetu, na Qarmalik ife.

Leo asubuhi binti yangu kaniuliza, “Baba, nikifa mtanizika kwa bibi yangu, au kwa Thibodeau?”

Daktari, endelea kula, hakuna ugomvi. Mimi Ujarak nilizaliwa Qarmalik, na mama yangu amelala pale chini ya mawe. Ulielekezwa kwangu, hukuniuliza. Basi nami sikukupa ghuba. Kwetu jina la mtu halibandikwi kwenye miamba. Hupewa mtoto mchanga, akapendwa nalo. Leetia wa kule duka la ushirika ana mimba, nimemwombea jina lako, na amekubali. Ila mwenye jina sharti afe kwanza. Hatuna haraka, Daktari. Staafu polepole.

Mheshimiwa Meya, Bibi Minguq ndiye aliyekuzaa, na mimi ndiye baba yake. Basi mjukuu wangu, toa mkono kwenye hicho kitambaa. Ramani irudi ilikotoka, ikaandikwe Qarmalik.

Hivyo hivyo. Mjukuu msikivu.

Kwa masikio mliyonipa, nashukuru. Tule sasa, nyama yetu huliwa imeganda, isije ikayeyuka.