Direktrisi Aliyerudi Kwenye Gishe

Mama na papa, ndugu zangu, amani ya Bwana ikae nanyi. Nashukuru kwa nafasi hii ya ushuhuda. Nitasema polepole. Nikinyamaza katikati, msiogope, na msinisaidie neno. Natafuta langu, na nitalipata.

Wengi hapa mtaani Kasenga mnaniita mama wa banki. Mimi ni mtoto wa kijiji cha Bwegera. Wazazi wangu walilima mpunga, na kazi yangu ya kwanza duniani ilikuwa kufukuza ndege shambani kwa kupiga kelele. Baba alikuwa akicheka, anasema sauti yangu inafika Burundi.

Nilipomaliza shule hapa Uvira, banki ilinichukua kukaa gishe, dirisha la kuhudumia watu. Wakati ule wavuvi na wakulima waliogopa kuingia. Walisimama mlangoni, viatu mkononi, kama watu walioitwa polisi. Mimi nilitoka nyuma ya kioo, nikawasalimia kwa Kifuliiru au kwa Kiswahili chetu, nikauliza habari ya mpunga, habari ya ziwa. Wakaingia. Mwaka kwa mwaka nikapanda: kutoka gishe hadi mkubwa wa kesi, pale pesa zinapohesabiwa, kutoka hapo hadi mikopo, mwishowe wakanipa tawi lote, nikawa direktrisi. Nilikuwa mwanamke wa kwanza kukalia kiti kile. Mama yangu alikuja kutoka Bwegera kukiona tu. Akakikalia, akazunguka nacho mara moja, akasema: "Basi. Nimeona. Nirudishe kwetu."

Siku moja mji ulikuwa na hofu ya vita, na uvumi ukaenea kwamba wakubwa wa banki wamevuka mpaka kwenda Bujumbura. Watu wakajaa barabarani, wakaanza kusukuma geti. Walinzi waliniomba nitoke kwa mlango wa nyuma. Nikachukua kiti, nikakiweka kizingitini, nikapanda juu yake. "Kama nimekimbia," nikapaza sauti, "huyu anayesema nanyi ni nani?" Mtu mmoja akacheka, halafu wengine. Nilisema nao mpaka wakapanga mstari, na wengi wakarudi nyumbani bila kutoa kitu. Tangu hapo niliamini hakuna jambo ambalo sitaweza kulitengeneza kwa maneno.

Ndugu zangu, nawaambia, ni maneno hayo hayo yaliyoniacha.

Ilikuwa asubuhi, kwenye mkutano wa wafanyakazi. Kalamu ikanianguka. Nikataka kusema "niokotee", kinywani kukatoka kitu kisicho lugha. Wakafikiri natania, wakacheka. Nikacheka pia, upande mmoja wa uso. Halafu nikaanguka mimi.

Daktari alisema ni kiharusi. Mkono wa kuume ulilala, lakini kibaya zaidi kilikuwa ulimi. Nilielewa kila kitu, ila kinywani lilibaki neno moja tu: kesho. Unataka maji? Kesho. Unaumwa wapi? Kesho. Mnacheka? Chekeni, leo nawaruhusu. Bwana wangu alinishika mkono akaniuliza, "Mama, unanijua minye ni nani?" Nikamtazama mwanaume niliyezaa naye, nikamjibu: "Kesho." Alitoka nje ili nisione machozi yake. Niliyaona.

Niliporudishwa nyumbani, mtaani wakasema nimerogwa kwa wivu wa kile kiti. Wenzangu wawili wa kazi walikuja kuniletea vitu vyangu vya ofisini. Walizungumza na bwana wangu juu ya kichwa changu. "Tumeweka mwingine," wakasema. "Je, yeye anaelewa?" Nami nimekaa pale pale! Baada ya hapo nilionyesha kwa mkono mapazia yafungwe na wageni wasiingie. Nilimwomba Mungu anichukue. Sitawaficha: niliomba hivyo mara nyingi kuliko nilivyoomba kupona.

Mama mmoja alikataa kurudishwa getini. Ni mjane, muuza ndagala, wale dagaa wa ziwa, wa hapa hapa Kasenga, na tuliimba kwaya pamoja. Bwana wangu akamwambia nimelala. "Basi nitamungoja aamuke," akasema, akatandika mkeka uani, akaanza kuchambua ndagala zake. Siku iliyofuata yuko pale tena. Nilimchungulia dirishani kwa hasira. Mwishowe nikajikokota nje kumfukuza. Nikanyoosha kidole kwenye geti, nikamtupia neno langu moja: "Kesho!"

"Ndiyo, na kesho nitakuja," akanijibu bila hata kuinua kichwa. "Ikaa. Weye iko mugonjwa, hauko mufu."

Nikakaa. Nilikuwa nimechoka.

Yeye akaendelea na ndagala zake, na taratibu akaanza kuimba wimbo ambao kwaya yetu huimba wakati wa kuingia. Nami nikaingia na sauti ya pili, kama nilivyozoea, bila kufikiri. Ubeti wa kwanza ukapita. Katikati ya ubeti wa pili yule mama akanyamaza, mikono yake imesimama juu ya samaki. Mimi nikaendelea peke yangu. Na nilikuwa naimba maneno, ndugu zangu. Maneno yote!

Bwana wangu akatoka mbio, sabuni usoni. "Nani anaimba?"

Tulilia sote watatu, na paka wa jirani akajilia ndagala bila mtu wa kumfukuza.

Muuguzi aliyekuwa akininyoosha mkono hospitalini alitueleza kwamba hilo hutokea. Wimbo na maongezi havikai mahali pamoja kichwani. Mlango mmoja ukifungwa, mwingine unaweza kubaki wazi. Akanifundisha kupita mle. Basi nyumba yetu ikawa kwaya. Niliomba chumvi kwa wimbo. Niligombana na bwana wangu kwa wimbo, naye akanijibu kwa besi, na wapita njia wakasimama kusikiliza. Miezi ikapita, wimbo ukapungua kidogo kidogo, ukawa usemi. Usemi wa kukwama, lakini wangu.

Ndipo mkubwa wetu wa banki akaja kutoka Bukavu, na zawadi ya saa ya ukutani. Alikuwa mtu mwema. "Mama, umetumika sana," akasema. "Pumzika kwa heshima."

Nikagonga kidole mezani ili kupata mwendo wa wimbo. "Nipe... gishe."

"Gishe? Mama, ulikuwa direktrisi!"

"Nilianzia... pale."

Akairudisha saa kwenye sanduku lake. "Basi tujaribu."

Siku ya kwanza watu waliohama mstari wangu walikuwa wengi kuliko waliobaki. Iliuma. Mvuvi mmoja mzee alibaki. Nilitafuta neno "sahihi" mpaka walio nyuma yake wakaanza kunung'unika. Akawageukia: "Muache mama aseme. Minye sina haraka. Mutumbwi wangu iko pale pale, hautakimbia." Nikalipata. Akatia sahihi, akaenda zake. Kesho yake mstari wangu ulikuwa mrefu kidogo.

Kisha ikaja siku ya kwenda kijiji cha Lubarika. Wakulima wa mpunga waliita banki iwaeleze kama wanaweza kuiamini, kwa sababu matapeli walikuwa wamekwisha kuwadanganya. Direkta mpya, kijana mwenye bidii, alinichukua twende pamoja. Alisema vizuri, lakini kwa Kifaransa na Kiswahili cha vitabu. Watu wakaanza kuinuka. Yule kijana akanigeukia, macho yananiomba. Nikasimama. Neno la kwanza likakwama. Nikamsikia mtu akiuliza kwa Kifuliiru, "Huyu mugonjwa wamemuleta wa nini?"

Basi nikaimba. Niliwasalimia kwa ile sauti wanawake wanayoitana nayo wakati wa kuvuna mpunga. Mama mmoja nyuma akaitikia. Nikaimba tena, wakaitikia wengi. Mara ya tatu sikuwa naimba. Nilikuwa nasema! Waliosimama wakakaa. Waliuliza, nikajibu, nikakwama, wakangoja. Mwishoni mzee mmoja akauliza, "Tukikuja kule Uvira, ni weye utatupokea?"

"Ni mimi."

"Basi tutakuja."

Na walikuja. Ndani ya gari, tukirudi, yule kijana aliniambia, "Mama, nitasema na wakubwa. Tawi hili ni lako." Akasema nao kweli. Wakampeleka mji mwingine, nami wakanirudishia kazi yangu, na mpaka leo ndiyo naifanya. Mungu ni mkubwa!

Namshukuru bwana wangu, aliyejifunza besi uzeeni. Namshukuru muuguzi, mvuvi na yule kijana. Mama wa ndagala yuko hapa. Simtaji, lakini mnamwona anavyojifunika uso kwa kitenge. Aksanti, dada yangu. Aksanti sana.

Nami nawaachia hili: muntu akikwama, usimmalizie neno lake. Kaa naye. Ukimharakisha, unamrudisha ndani na kumfungia pazia.

Nimeambiwa kuna papa mmoja kati yetu aliyeletwa leo na binti yake, na tangu mvua zilizopita hajasema. Papa, najua unanisikia vizuri kabisa. Nikishuka hapa nitakuja kukaa karibu yako. Wanakwaya, tafadhali anzeni wimbo wowote anaoupenda, binti yake atawaambia. Na sisi wengine, tuimbe chinichini, tumsikie.