Sahihi ya Kwanza ya Sabaha Kitwana

Mgeni rasmi, Ndugu yetu kutoka ofisi ya wilaya. Mwalimu wetu, Ndugu Eliasi. Balozi wetu wa nyumba kumi, Mzee Shomari. Na wewe ndugu uliyekaa karibu na mlango na daftari, ambaye hatujajulishwa jina lako: karibuni nyote.

KARIBU

Tumefurahi umekuja. Mabenchi tuliyapanga tangu saa tisa alasiri, na watoto tumewanyonyesha mapema wasikusumbue. Tuliagizwa risala hii ipelekwe kwanza ikapitiwe. Tuliipeleka. Imerudi Ijumaa ikiwa na mstari mwekundu kwenye kipande cha matatizo, na pembeni pameandikwa "si lazima". Hatukuelewa si lazima kwa nani, kwa hiyo kipande hicho tumekiacha mahali pake.

HISTORIA

Darasa letu lilianza mwaka 1973 na wanawake tisa, hapa hapa barazani kwa Bi Fakhriya. Leo tuko thelathini na mmoja: washona nguo, wauza mboga wa sokoni, mama wa nyumbani. Tulikuja kwa kuwa tulichoka kuchovya dole gumba kwenye wino kila ilipoletwa karatasi.

MAFANIKIO

Ishirini na wanne kati yetu wanasoma gazeti. Anayeweza kuandika jina lake bila kutazama ubao hupigiwa vigelegele, na kuanzia siku hiyo hukatazwa kutumia dole gumba tena. Ndiyo desturi yetu. Sabaha Kitwana, mshona foronya, alipigiwa vigelegele mwezi wa Machi. Herufi h ilimtesa wiki tatu. Alipoiweza aliandika jina lake kwa mkaa kwenye mlango wa choo, kwenye ndoo, kwenye kitanda cha mtoto. Bi Fakhriya akamwambia, "Mwanangu, tubakishie ukuta mmoja."

MATATIZO

Mwezi wa Aprili ghala moja la nguo lilivunjwa, polisi wakaanza kutafuta majora ya khanga. Hatukatai. Mwizi atafutwe, hata sisi tunaibiwa. Lakini Jumanne asubuhi askari wawili waliingia chumbani kwa Sabaha bila kumwita balozi, wakapindua godoro, wakabeba mfuko wa vipande vya vitambaa anavyonunua kwa mafundi. Naye wakamchukua, pamoja na mtoto anayenyonya. Mzee Shomari alipofika kuuliza aliambiwa, "Mzee, wewe ni balozi wa nyumba, si wa kituo."

Siku mbili Sabaha alikaa kwenye benchi la kituoni. Aliulizwa yale yale, akajibu yale yale. Mara nyingine aliulizwa majina yetu. Siku ya pili, maziwa yamempungua na mtoto analia, askari mmoja alimsogezea karatasi iliyojaa maandishi.

"Tia sahihi hapa, urudi kwako. Au nikuletee wino wa dole gumba?"

"Dole gumba niliachana nalo, afande."

"Wacha maneno. Hebu tuone."

Hapo, Ndugu Mgeni Rasmi, Sabaha aliisahau karatasi akakumbuka vigelegele. Aliandika jina lake polepole, na ile h ikakaa vizuri kuliko siku zote. Askari akamsifu. Alirudi akatusimulia, nasi, tunakiri, tukampigia vigelegele mara ya pili. Ni Mwalimu Eliasi aliyeuliza, "Juu ya jina paliandikwa nini?"



Sasa tunajua. Ameitwa mahakamani Jumatatu ijayo. Anaambiwa amekubali kwamba nguo alipewa na wezi, na chini pana jina lake. Mwandiko ni wake, maneno si yake. Tangu siku hiyo amelifuta jina kwenye ndoo. Yuko safu ya pili mbele yako, amempakata mtoto, na kalamu haishiki. Kosa letu ni kwamba tulimfundisha kuandika jina kabla ya kumfundisha kukataa kuliandika.

MAOMBI

Hatukuombi umwachie, hilo ni la hakimu. Tunaomba, kabla ya Jumatatu, karatasi ile isomwe kwa sauti mbele ya Sabaha na balozi, aseme lipi lake na lipi si lake. Tunaomba pia vyumba vyetu visipekuliwe bila balozi, na anayehojiwa awe na mtu wake anayejua kusoma. Mwalimu anasema mengi ya haya sheria inayataka tayari. Tungependa kuiona sheria hiyo. Huku kwetu haijafika, au imefika na hatukujulishwa, kama ndugu wa pale mlangoni.

Ombi la mwisho ni dogo. Kitabu cha wageni kiko mezani. Juu ya ukurasa tumeyaandika maombi haya kwa mistari mitatu, chini tumekuachia nafasi ya sahihi. Usiharakishe. Sabaha atakusomea mistari hiyo neno kwa neno, na pasipokuelea utauliza. Ukiona si maneno yako, usitie sahihi. Hakuna atakayekukalisha kwenye benchi.

Mungu akulinde wewe na watoto wako, akufikishe salama ofisini, na akukumbushe Jumatatu.

Ni sisi, Wanafunzi wa Darasa la Jioni, Baraza ya Bi Fakhriya, Mtaa wa Narung'ombe, Kariakoo. Risala hii tumesomewa sote mara mbili kabla ya kuandika majina yetu.